Nadharia ya Mtetemo wa Simulizi: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Kila ninapoieleza nadharia hii, maswali huwa ni yaleyale, na yanastahili kujibiwa kwa utaratibu. Nimeyaweka hapa pamoja. Mwanafunzi wa fizikia ataona baadhi ya majibu ni mepesi mno kwake, na mwanafasihi ataona hivyo kwa mengine. Naomba kila mmoja amvumilie mwenzake, maana nadharia yenyewe imesimama mpakani mwa taaluma zao.

Nadharia inasema nini hasa?

Inasema kwamba simulizi ni mwendo wenye mpangilio unaopita juu ya mwendo usio na mpangilio, na kwamba kanuni zilezile zinazotawala mitetemo ya chembe ndizo zinazoamua hadithi ipi itafika na ipi itafia njiani. Kanuni hizo ni nne: kuvutwa kurudi kwenye utulivu, kuitikiana, kufifia na kujumlishana.

Fanani, yaani msimulizi, anapotamka neno, hakuna kitu kinachotoka kinywani mwake kikaenda kutua sikioni mwa msikilizaji. Molekuli za hewa zilizo mbele ya midomo yake husukumwa, nazo husukuma za jirani, kisha hurudi zilikokuwa. Kinachosafiri ni msukosuko. Nadharia inadai kuwa hadithi yenyewe husafiri vivyo hivyo. Haihami kutoka kichwa hiki kwenda kile. Humtikisa msikilizaji, naye huijenga upya kwa alivyo navyo.

Ni nadharia inayotambuliwa na wanafizikia?

Hapana. Nimeibuni mimi, na kwa kipimo cha wanasayansi bado ni nadharia tete. Fizikia iliyomo na matokeo ya utafiti wa ubongo ninayoyataja ni mambo yaliyokwisha kupimwa. Daraja linaloyaunganisha na hadithi ndilo langu. Kila utakapokuta maneno "nadharia inadai", ujue hapo naongea mimi.

Chembe zinatetemeka kweli, au ni namna ya kusema?

Zinatetemeka kweli. Atomu ndani ya jiwe au kipande cha chuma hucheza mahali pake kwa kadiri ya mara trilioni kadhaa kila sekunde. Ukipunguza joto mtetemo hupungua, lakini hata ungekaribia kabisa nyuzi −273.15 za Selsiasi, baridi ya mwisho inayowezekana, usingeukomesha: fizikia ya kwantamu hairuhusu chembe itulie tuli mahali pamoja. Wakati wenyewe tunaupima kwa njia hii. Tangu 1967 sekunde imefafanuliwa kuwa muda wa mizunguko 9,192,631,770 ya mnururisho unaotokana na atomu ya sizi (caesium). Kwa hiyo ukisema "hadithi hii ilichukua dakika kumi", umeshaipima kwa mdundo wa atomu.

Kama molekuli za hewa zina fujo kiasi hicho, sauti inapitaje?

Hili ndilo swali ninalolipenda kuliko yote. Nadharia nzima ilianzia hapa.

Chukua chumba tulivu chenye joto la kawaida. Molekuli ya naitrojeni humo hukimbia kwa kasi ya kadiri ya mita 500 kwa sekunde. Haiendi mbali: husafiri chini ya sehemu moja ya elfu kumi ya milimita, ikagongana na nyingine na kugeuzwa njia. Hugongana hivyo mara mabilioni kadhaa kwa sekunde, kila upande, bila utaratibu wowote. Huo ndio ukimya.

Sasa mtu aanze kusimulia kwa sauti ya mazungumzo ya kawaida, ya desibeli 60 hivi. Kasi ambayo sauti yake inaongeza kwenye molekuli hizo ni kadiri ya milimita 0.05 kwa sekunde. Linganisha mita 500 na sehemu ya ishirini ya milimita: mchango wa msimulizi ni kama moja ya milioni kumi ya fujo iliyokuwepo tayari. Tabaka la hewa linasogezwa mbele na nyuma kwa umbali mdogo kuliko ule ambao molekuli moja husafiri kati ya mgongano na mgongano. Ungeifuatilia molekuli moja peke yake, usingeweza kujua kama kuna mtu anaongea.

Na bado neno linafika, tena kwa mita 343 kwa sekunde. Sababu ni kwamba fujo hujifuta yenyewe. Molekuli zinazokwenda kulia zinafidiwa na zinazokwenda kushoto, na jumla yake kwenye kiwambo cha sikio inakaribia kuwa sifuri. Mwendo wa sauti ni mdogo mno, lakini molekuli zote za tabaka lile zinaufanya kwa wakati mmoja na upande mmoja, kwa hiyo unajumlishwa. Sikio limeumbwa kuvuna jumla hiyo. Kwa sauti hafifu kabisa ambayo kijana mwenye afya anaweza kuisikia, mwendo wa hewa una upana mdogo kuliko atomu moja.

Nadharia inadai kwamba akili ya msikilizaji nayo iko hivyo. Ubongo hautulii. Hutumia karibu asilimia 20 ya nishati ya mwili hata mtu akikaa bila kufanya lolote, na kazi za mtafiti wa ubongo Marcus Raichle zilionyesha kuwa kuupa ubongo shughuli ya kuzingatia huongeza matumizi hayo kwa kiasi kidogo tu, chini ya asilimia 5. Hadithi, basi, haikuti ukumbi mtupu. Inakuta mawazo, hofu na kumbukumbu zikigongana, na nguvu yake haitokani na kelele bali na kupanga. Ndiyo maana fanani anayenong'ona anaweza kuushika umati ambao mpiga kelele ameshindwa kuushika.

"Kani ya kurudisha" katika hadithi ni nini?

Katika fizikia, kitu hakitetemeki mpaka kuwe na kani inayokivuta kirudi mahali pake pa utulivu. Robert Hooke alichapisha kanuni ya springi mwaka 1678: kadiri unavyoivuta, ndivyo inavyokuvuta. Bila kani hiyo, ukikisukuma kitu kinakwenda zake moja kwa moja.

Nadharia inadai kwamba mgogoro ndio kani ya kurudisha ya hadithi. Angalia mfano huu mdogo: mama ametoka nje kidogo, upepo umeubamiza mlango, ufunguo uko ndani, mtoto amelala ndani, na sufuria iko motoni. Hakuna aliyekueleza uogope, lakini tayari umevutwa. Unataka mlango ufunguke. Sasa niongeze sentensi: "Ukuta wa nyumba ulikuwa wa kijani." Sentensi hiyo haivuti wala kulegeza. Ipo tu. Nikiandika badala yake, "Katika ukuta ule wa kijani kulikuwa na dirisha dogo, na dirisha lilikuwa limeegeshwa," ukuta wa kijani umeingia ndani ya kani, na nina hakika utaukumbuka kesho.

Wanaofundisha uandishi husema kila sentensi iwe na kazi. Mimi nasema jambo mahususi zaidi: kila sentensi ama inamsogeza mhusika mbali na utulivu, ama inamrudisha, ama haina uzito wowote kwa mtetemo. Za aina ya tatu si haramu. Zinapumzisha. Ila zikizidi, hadithi huacha kutetemeka ikabaki kuteleza.

Kuitikiana kunatokeaje kati ya fanani na hadhira?

Mwaka 1665 mwanasayansi Mholanzi Christiaan Huygens, akiwa mgonjwa nyumbani, aligundua kwamba saa zake mbili za timazi (uzito unaobembea) zilizoning'inizwa pamoja zilikuwa zimeoana kabisa, timazi moja ikienda kulia wakati nyingine inakwenda kushoto. Akizivuruga, baada ya muda zinarudi kuoana. Hatimaye alibaini kwamba mtikisiko mdogo mno ulikuwa unapita kwenye boriti iliyozishika zote mbili.

Swali langu likawa: boriti iliyowashika msimulizi na msikilizaji ni ipi? Sehemu ya jibu inapatikana katika jaribio la mwaka 2010 la Greg Stephens, Lauren Silbert na Uri Hasson wa Chuo Kikuu cha Princeton. Walipima ubongo wa mtu akisimulia kisa cha maisha yake, kisha bongo za watu waliokisikiliza kisa hicho. Shughuli za ubongo za pande mbili zilifuatana. Sehemu nyingi za ubongo wa msikilizaji zilichelewa kidogo nyuma ya msimulizi, lakini nyingine zilitangulia, yaani msikilizaji alikuwa anabashiri yajayo, na waliobashiri zaidi ndio walioelewa zaidi. Kisha watafiti wakawasikilizisha watu kisa cha Kirusi, nao hawajui Kirusi. Kufuatana kule kukatoweka. Mawimbi ya sauti yalikuwa yanagonga masikio yao kama kawaida. Boriti ndiyo haikuwepo.

Mwaka 2021 utafiti mwingine ulionyesha kuwa hata mapigo ya moyo ya watu wanaosikiliza hadithi moja hupanda na kushuka kwa kulingana, ingawa kila mmoja aliisikiliza peke yake na kwa wakati wake. Waliokengeushwa mawazo walipoteza ulinganifu huo.

Kwa nini kunyamaza kidogo kunaipa hadithi nguvu?

Usemi wa binadamu una mdundo. Sauti hupanda na kushuka takriban mara nne au tano kwa sekunde, karibu na mwendo wa silabi, na mawimbi ya ubongo ya hezi 4 hadi 8, yaani mara 4 hadi 8 kwa sekunde, huufuata mdundo huo. Mwaka 2009 watafiti wa usemi Oded Ghitza na Steven Greenberg waliubana usemi hadi theluthi ya muda wake, na wasikilizaji wakashindwa kushika maneno mengi. Kisha wakaukata usemi huo uliobanwa vipande vidogo na kuingiza kati yake ukimya wa milisekunde 80. Hawakuongeza taarifa yoyote, ila ukimya. Uelewa ukapanda sana.

Fikiria maana yake. Kilichokosekana hakikuwa maneno, kilikuwa nafasi ya ubongo kurudi kwenye mdundo wake. Nadharia inadai kwamba kituo anachokiweka fanani kabla ya kilele kinafanya kazi hiyohiyo kwa kipimo kirefu zaidi: kinamwacha msikilizaji afike.

Hadithi hufifiaje?

Hewa haifyonzi sauti zote sawasawa. Sauti za juu hupotea mapema, za chini hufika mbali. Radi ikipiga karibu husikika mpasuko mkali; ikipiga mbali unasikia ngurumo tu. Hadithi inayopita midomo mingi nayo hupoteza kwanza vitu vyembamba: tarehe, rangi, majina ya watu wa pembeni. Mhimili hubaki.

Mwanasaikolojia Frederic Bartlett wa Chuo Kikuu cha Cambridge alilichunguza jambo hili na kuchapisha matokeo mwaka 1932. Aliwapa wasomaji wake Waingereza ngano ya Wahindi Wekundu wa Amerika ya Kaskazini, kisha akawataka waisimulie upya baada ya muda, au waipokezane mtu hadi mtu. Ngano ilifupika, kama tungetarajia. Lakini ilifanya zaidi ya kufupika. Mambo mageni kwa wasomaji yaligeuzwa kuwa mambo wanayoyajua: mitumbwi ikawa mashua. Kufifia peke yake hakuelezi badiliko hilo. Ndipo nadharia inapouita mwitikio wa asili: kila kitu kinachotetemeka kina masafa yake, yaani idadi yake ya mitetemo kwa sekunde, na ukikitikisa kwa namna yoyote ile, kitaelekea kuitika kwa masafa hayo. Msikilizaji naye ana yake.

Vipi kuhusu hadithi zenye visa vingi ndani yake?

Mwanahisabati Joseph Fourier alionyesha mwaka 1822 kwamba wimbi lenye umbo tata linaweza kuchanganuliwa kuwa jumla ya mawimbi sahili. Nadharia inavitazama visa vidogo hivyo: kila kimoja ni wimbi lenye urefu wake, na vikifika kileleni pamoja huongezeana nguvu. Vikipishana vibaya hufutana. Msomaji anayelalamika kuwa sura ya katikati "imepoa" mara nyingi amekutana na visa viwili vilivyofutana.

Je, hii ni fizikia ya kwantamu ya ubongo?

Hapana, na nasisitiza. Mwaka 2000 mwanafizikia Max Tegmark alikokotoa muda ambao hali za kikwantamu zingeweza kudumu ndani ya seli za neva kabla ya kuvurugwa na joto na mazingira yake. Kwa makadirio yake ya juu kabisa ni kama sehemu moja ya trilioni kumi ya sekunde. Silabi moja huchukua kadiri ya sehemu ya tano ya sekunde. Anayekuambia kuwa hadithi zinawafikia watu kwa chembe zilizofungamana kikwantamu anakuuzia kitu ambacho hakipo.

Na nadharia ya nyuzi?

Haihusiki. Nadharia hiyo inasema chembe zote ni nyuzi ndogo mno zinazotetemeka. Nyuzi hizo zinadhaniwa kuwa na urefu wa kadiri ya mita 10⁻³⁵, na hakuna jaribio lililozithibitisha. Siwezi kujengea juu ya kitu ambacho wanafizikia wenyewe hawajakiona.

Je, maneno mazuri hubadilisha maji? Kuna masafa maalumu ya uponyaji?

Hapana kwa yote mawili. Molekuli ya maji haielewi sifa wala matusi. Mtetemo hubeba umbo, na umbo linakuwa na maana pale tu anapokuwepo mwenye lugha. Naomba nadharia hii isitumike kuuzia mtu tiba.

Hadithi iliyoandikwa haina sauti. Nadharia inasimamaje hapo?

Inasimama, kwa sababu haidai kwamba hadithi ni sauti. Inadai ni mwendo wenye mpangilio. Msomaji hupokea mwanga, ambao nao ni mtetemo wa uga wa sumakuumeme wa mara trilioni 400 hadi 790 kwa sekunde. Macho yake hayatelezi juu ya mstari, huruka na kutua, na kila kituo huchukua kama robo ya sekunde, karibu na mwendo uleule wa silabi. Kwa wasomaji wengi, hata misuli ya koo hucheza kidogo mno wakati wa kusoma kimyakimya, na vipimo vya umeme wa misuli vinaonyesha hivyo.

Viziwi wanaosimulia kwa lugha ya alama wanakamilisha jibu hili. Mikono ina mdundo, kituo, kilele na mshuko, na hadhira inaitika. Nadharia yoyote ya simulizi inayowaacha wao nje ni nadharia ya masikio.

Wakosoaji wanasema hii ni sitiari tu iliyovalishwa namba.

Ni hoja nzito, na sitaki kuikwepa. Sitiari haiwezi kukosea. Nadharia lazima iweze. Mwanafalsafa Karl Popper aliliweka wazi hilo mwaka 1934, nami nimejifunga kwa kipimo hichohicho. Kwa hiyo nataja yatakayoiangusha.

La kwanza: katika mnyororo wa kusimuliana, maelezo yaliyofungwa kwenye mgogoro yanapaswa kudumu kuliko yale yasiyofungwa, hata kama yote yana urefu sawa na ugeni sawa. Yakidumu sawasawa, kani ya kurudisha haina maana. La pili: ukizipangua sentensi za hadithi bila kuondoa hata neno moja, wasikilizaji wanapaswa kuacha kuoana. Hapa kuna ushahidi tayari, na unaidai nadharia iwe makini. Mwaka 2011 Yulia Lerner, Uri Hasson na wenzao walipangua hadithi kwa viwango vya neno, sentensi na aya. Sehemu za ubongo zinazopokea sauti ziliendelea kuoana hata maneno yalipovurugwa. Zile zinazounganisha maana kwa muda mrefu zilihitaji aya nzima au hadithi kamili. Kwa hiyo hakuna kuoana kwa aina moja, kuna tabaka, na kila tabaka lina muda wake. La tatu: ukihamisha kituo cha kabla ya kilele ukakiweka mahali pasipo na mvuto wowote, athari yake inapaswa kupotea. Hili naliona ndilo jaribio kali kuliko yote, maana ukimya ni uleule na urefu ni uleule.

Ninawezaje kuijaribu mwenyewe?

Andika kisa kifupi cha nusu ukurasa chenye maelezo madogo kumi: matano yawe ndani ya mgogoro, matano yawe nje. Hakikisha ya nje hayachoshi kuliko ya ndani, vinginevyo utakuwa umejidanganya. Msomee mtu mmoja, mara moja tu. Baada ya robo saa amsimulie wa pili, wa pili amsimulie wa tatu, hadi wa sita. Rekodi kila usimulizi, na usimkatize mtu wala kumsahihisha. Kisha pitia rekodi na uhesabu maelezo yaliyobaki kwa kila hatua, huku ukiandika pembeni yale yaliyogeuzwa badala ya kupotea, kwa sababu hayo ni kundi la tatu na yana habari yake.

Rudia kwa mnyororo mwingine, safari hii ukibadilishana: maelezo yaliyokuwa nje yaingie ndani ya mgogoro, na ya ndani yatoke. Ukuta wa kijani upewe dirisha. Ufunguo uwe wa kupita tu. Hapo ndipo utaona kama kilichodumu kimedumu kwa sababu ya mahali pake katika hadithi au kwa sababu ni kitu kinachokumbukika chenyewe. Andika ubashiri wako kabla hujaanza, na ukikuta matokeo yanaukataa, yatangaze kama yalivyo.